Tuisome nembo ya Columbia, tusiishie kwenye ajali yake

Ndugu Mhariri,

Naomba nafasi katika safu ya barua za wasomaji ili niongeze jambo kwenye makala ya kumbukumbu ya chombo cha anga Columbia mliyoichapisha mwanzoni mwa mwezi huu wa Februari. Makala ile iliandikwa kwa heshima, na mwandishi alieleza kwa usahihi jinsi kipande cha povu la kuzuia joto kilivyobanduka kwenye tangi la nje la mafuta na kugonga ukingo wa bawa la kushoto wakati chombo kikipaa tarehe 16 Januari 2003, na jinsi hewa yenye joto kali ilivyopenya katika bawa hilo chombo kilipokuwa kikirejea tarehe 1 Februari, dakika 16 tu kabla ya muda wa kutua. Hayo yote yanapaswa kujulikana. Hata hivyo, kati ya kupaa na kuanguka zilipita siku 16 za kazi iliyofanyika mchana na usiku, na kazi hiyo makala iliigusa kwa sentensi moja tu, kisha ikarudi kwenye bawa.

Mimi ni mwalimu wa fizikia katika shule ya sekondari hapa Mbeya. Wanafunzi wengi ninaowafundisha wamewahi kusikia habari za Columbia, na karibu wote wanaijua kama chombo kilichosambaratika juu ya Texas. Ni nadra kumpata anayeweza kusema kilikwenda angani kufanya nini. Siwalaumu, kwa kuwa hivyo ndivyo sisi wakubwa tunavyowasimulia kila mwaka. Ninaamini kwamba wanaanga wale saba waliofariki ndani yake wanastahili kukumbukwa kwanza kwa kazi waliyoifanya, na kwamba wao wenyewe walituachia njia nzuri ya kuifundisha kazi hiyo, yaani nembo ya safari yao waliyoivaa kifuani.

Safari hiyo iliitwa STS-107. Wakati huo vyombo vingi vya Marekani vilikuwa vikienda kujenga Kituo cha Kimataifa cha Anga, lakini Columbia haikwenda huko. Ilibeba maabara ndani ya sehemu yake ya mizigo, pamoja na majaribio yapatayo 80 ya fizikia, kemia, baiolojia, tiba na hali ya hewa, na wanaanga wakagawanyika katika zamu mbili, nyekundu na bluu, ili wakati wenzao wamelala wengine wawe kazini. Rick Husband alikuwa kamanda na William McCool rubani. Michael Anderson, aliyesomea fizikia, alisimamia shughuli zote za kisayansi. David Brown na Laurel Clark walikuwa madaktari wa jeshi la wanamaji la Marekani. Kalpana Chawla, mzaliwa wa Karnal nchini India, alikuwa mhandisi wa vyombo vya anga, na hiyo ilikuwa safari yake ya pili baada ya ile ya mwaka 1997. Ilan Ramon alikuwa Mwisraeli wa kwanza kwenda anga za juu.

Sasa tuitazame nembo yenyewe. Kwa kawaida nembo za safari za anga huwa na umbo la duara au ngao, lakini hii imekatwa kwa umbo la chombo chenyewe kikitazamwa kutoka juu, na majina ya wanaanga saba yameandikwa kuzunguka ukingo wake, jina la Ramon likiwa na bendera ndogo ya Israeli pembeni. Katikati kuna alama mbili za kisayansi, herufi ya Kigiriki inayosomwa "myu" na herufi g, ambazo zinatiririka na kuungana na alama ya wanaanga, yaani miali mitatu inayopanda hadi kwenye nyota moja. Chini yake kuna mviringo wa dunia na jua linalochomoza, na pembeni kuna nyota saba za kundi liitwalo Columba, yaani Njiwa. Hakuna kilichowekwa pale kwa urembo tu. Mchomozo wa jua unasimamia majaribio ambayo wanasayansi walitumaini yangefungua zama mpya za utafiti katika Kituo cha Kimataifa, njiwa anasimamia amani na vilevile jina la chombo, na zile nyota saba ni wanaanga wenyewe, zikiwaenzi pia wanaanga wa kwanza wa Marekani, ambao nao walikuwa saba.

Ile alama ya katikati ndiyo moyo wa safari nzima, na ndiyo inayoeleweka vibaya kuliko zote. Inawakilisha hali ambayo uzito hauonekani kabisa au unaonekana kwa kiasi kidogo mno. Watu wengi, hata wenye elimu, hudhani wanaanga wanaelea kwa sababu huko juu hakuna nguvu ya mvutano wa dunia. Columbia ilizunguka dunia kwenye kimo cha takribani kilomita 280, umbali mfupi kuliko barabara ya kutoka Iringa hadi Mbeya, na katika kimo hicho mvutano wa dunia bado ni zaidi ya asilimia 90 ya ule tunaousikia hapa chini. Wanaanga wanaelea kwa sababu wao na chombo chao wanaanguka pamoja bila kukoma. Chombo kinakwenda kwa kasi ya takribani kilomita 28,000 kwa saa, kwa hiyo kila kinapoanguka, uso wa dunia nao unajipinda chini yake, na hakiufikii.

Maneno hayo ukiyasema darasani bila kuonyesha kitu, hayaingii. Ninachokifanya ni kuchukua chupa tupu ya maji ya kunywa, kuitoboa tundu dogo karibu na kitako kwa msumari uliopashwa moto, kuijaza maji huku nimeziba tundu kwa kidole, kisha kuondoa kidole bila kufunika mdomo wa chupa. Maji yanachuruzika kwa mstari uliopinda, kama kila mtu anavyotarajia. Baada ya hapo mwanafunzi mmoja anasimama juu ya dawati na kuiachia chupa ianguke kwenye beseni lililowekwa sakafuni, na wenzake wanaambiwa wakazie macho lile tundu. Kwa muda ule mfupi chupa ikiwa hewani, mchuruziko unakatika. Tundu liko wazi, maji yamo ndani, na hayatoki, kwa sababu maji na chupa vinaanguka kwa mwendo uleule na maji hayana tena uzito wa kuyasukuma yatoke. Darasa huomba jaribio lirudiwe, na ni sawa lirudiwe, maana mara ya kwanza wengi huitazama chupa wakalisahau tundu. Hali iliyomo ndani ya chupa ile kwa chini ya sekunde moja ndiyo hali waliyoishi nayo wanaanga wa Columbia kwa siku 16, na ndiyo hali ambayo nembo yao inaitaja katikati kabisa.

Jambo la pili linaloweza kusomwa kwenye nembo ni pembe. Alama ya wanaanga imelazwa ikifanya pembe ya nyuzi 39 na upeo wa dunia, kwa kuwa njia ya Columbia ilikatiza ikweta kwa pembe hiyohiyo. Mwanafunzi mwenye kipimapembe na ramani ya dunia anaweza kutambua mwenyewe kwamba chombo kilifika hadi latitudo ya 39 kaskazini na 39 kusini, hakikuzidi hapo, na kwamba latitudo zetu za hapa, karibu 9 kusini kwa Mbeya na karibu 8 kusini kwa Iringa, zilivukwa mara mbili katika kila mzunguko wa takribani dakika 90. Fizikia, hisabati na jiografia zimekutana kwenye kipande cha kitambaa kinachotosha kiganja, na ninaona ni hasara kubwa kwamba picha yake huchapishwa magazetini bila neno hata moja la maelezo.

Katika majaribio yote 80, lililonivutia zaidi ni la moto. Mwaka 1944 mwanasayansi wa Kirusi, Yakov Zeldovich, alionyesha kwa hesabu kwamba mwali wa moto unaweza kuwa tufe lililotulia, lisilosogea wala kupanda. Hakuna aliyewahi kuliona tufe hilo, kwa sababu hapa duniani hewa ikipata moto inakuwa nyepesi na kupanda, nayo inauvuta mwali juu. Ndiyo maana mwali wa koroboi huchongoka kama mkuki na kutoa moshi kwenye ncha. Miaka 40 baadaye, mwaka 1984, Paul Ronney wa Marekani alikuwa akichunguza gesi zinazowaka kwa shida ndani ya kifaa kilichoangushwa kutoka juu ya mnara, na katika sekunde chache za kuanguka akaona vitufe vya moto ambavyo hakuvitarajia. Mnara ule ulifanya kazi ileile inayofanywa na chupa yetu na beseni. Tatizo lilikuwa muda, kwa maana sekunde mbili za kuanguka hazitoshi kujua kama tufe limetulia kweli au liko njiani kuzimika. Columbia ilitoa muda huo. Ndani ya chumba kilichofungwa, mchanganyiko wenye kiasi kidogo sana cha gesi ya kuwaka uliwashwa kwa cheche, na vitufe vya moto vikajitokeza, hafifu mno kiasi kwamba vilihitaji kamera maalumu, baadhi vikiwa na nguvu isiyozidi nusu wati wakati mshumaa mdogo wa keki hutoa takribani wati 50. Ilikuwa miali dhaifu kuliko yote iliyowahi kuwashwa na kupimwa na binadamu. Ili visiyumbe, chombo kiliachwa kielee bila kuwasha injini zake ndogo za kujielekeza. Kimojawapo cha vitufe hivyo kiliendelea kuwaka kwa zaidi ya saa moja.

Kwa nini jambo hilo limhusu mtu wa Tukuyu au Makambako? Kwa sababu mashine inayochoma mafuta kidogo kwa hewa nyingi hutumia mafuta kwa nafuu na kuchafua hewa kidogo, na mtu anayeibuni anahitaji kujua ni wapi hasa moto unakuwa dhaifu kiasi cha kuzimika. Jaribio jingine katika safari hiyohiyo lilichunguza jinsi masizi yanavyozaliwa na kukua ndani ya mwali, jambo ambalo kwenye mwali wa kawaida ni vigumu kulipima kwa kuwa yote hutokea haraka na katika nafasi finyu. Katika nyanda zetu za juu, ambako kwenye miezi ya baridi familia nzima hukaa jikoni penye moto wa kuni milango ikiwa imefungwa, sidhani kama kuna haja ya kueleza masizi ni nini na yanafanya nini kwenye vifua vya kina mama na watoto. Jaribio la tatu lilipima namna ukungu wa maji unavyozima moto, ili upatikane mbadala wa kemikali za kuzimia moto zinazoharibu tabaka la ozoni.

Ramon alikuwa na jukumu la kamera iliyoelekezwa duniani kufuatilia vumbi la jangwani linalopeperushwa kutoka Sahara hadi juu ya bahari ya Mediterania na Atlantiki. Vumbi hilo huingia mawinguni, na chembechembe zake zikizidi huweza kuyafanya matone yabaki madogo mno kiasi cha kushindwa kuanguka kama mvua. Watu wanaotegemea maji ya Usangu yanayoingia Ruaha Mkuu, na baadaye kujaza mabwawa ya Mtera na Kidatu, wanayo sababu ya kutaka kujua ni nini kinaamua mvua inyeshe au isinyeshe. Usiku, kamera hiyohiyo ilinasa miale ya mwanga inayotokea juu kabisa ya mawingu ya radi, upande ambao sisi tulio chini hatuuoni.

Kuhusu tiba nitasema machache. Wanaanga walikuwa watafiti na vilevile wachunguzwaji; walijitoa damu, walipima pumzi na moyo wao, na walifuatilia jinsi mifupa yao inavyopoteza kalisiamu. Seli za saratani ya tezi dume nazo zilikuzwa ndani ya chombo maalumu, kwa kuwa zikielea hukua kwa umbo linalokaribiana na lile la uvimbe halisi mwilini kuliko zinapolala kwenye kioo cha maabara.

Naomba nikae zaidi kwenye majaribio ya wanafunzi, kwa sababu ndiyo yaliyonisukuma kuandika. Ndani ya Columbia kulikuwa na kisanduku chenye majaribio yaliyobuniwa na wanafunzi wa shule kutoka Marekani, Australia, China, Israeli, Japani na Liechtenstein. Waaustralia walipeleka buibui ili waone watakavyosuka tando zao pasipo uzito. Wamarekani walipeleka sisimizi waone watakavyochimba njia zao. Wachina walipeleka viwavi wa hariri, Wajapani mayai ya samaki wadogo, Waisraeli kemikali zinazoota kama mimea ndani ya kimiminika, na wale wa Liechtenstein walipeleka nyuki wanaotoboa mbao. Liechtenstein ni nchi yenye watu wachache kuliko wilaya yoyote ya Mkoa wetu wa Mbeya. Clark, akihojiwa akiwa angani, alisimulia kwa furaha jinsi alivyomwona nondo wa hariri akitoka kwenye kifuko chake na kuanza kuzijaza mbawa zake zilizokuwa zimekunjamana. Daktari mtu mzima, amefunzwa kwa miaka, na kitu alichochagua kuwaambia watu wa dunia kilikuwa kazi ya wanafunzi.

Hakuna mtoto wa Afrika aliyekuwa na jaribio lake katika kisanduku kile. Silisemi hilo kwa kulalamika dhidi ya yeyote, maana Aprili 2002, miezi tisa hivi kabla, Mark Shuttleworth wa Afrika Kusini alikuwa ameshakwenda Kituo cha Kimataifa kwa chombo cha Kirusi akiwa na majaribio yaliyoandaliwa na wanasayansi wa nchi yake, kwa hiyo mlango haukuwa umefungwa. Nalisema kwa sababu swali la kwamba buibui atasuka vipi akiwa hana uzito halihitaji maabara ya gharama ili kulifikiria. Mtoto wa Kidato cha Pili wa Mafinga anayewaona buibui kwenye majani ya chai kila asubuhi anaweza kuliuliza, na pengine angeuliza lililo bora zaidi.

Kisha kuna yale yaliyopona. Sehemu ya matokeo ilikuwa imeshatumwa duniani kabla ya chombo kurejea, na mengine yaliokotwa mashambani na misituni. Makopo yaliyokuwa na minyoo wadogo wa utafiti, wasiozidi urefu wa milimita moja, yalipatikana Texas, na yalipofunguliwa majuma kadhaa baadaye minyoo ilikuwa hai, vizazi vipya vya wale waliopaa. Kifaa cha kuhifadhia kumbukumbu za kompyuta kutoka kwenye jaribio la gesi ya zenoni kilipatikana kikiwa kimeungua na kupasuka, na wataalamu wakafanikiwa kusoma karibu kila kitu kilichokuwemo. Matokeo yalichapishwa mwaka 2008, miaka mitano baada ya ajali, yakithibitisha kwamba zenoni, ikiwa katika hali ya kati ambayo si gesi wala kimiminika, hupunguza ugumu wake wa kutiririka inapokorogwa, kama sosi ya nyanya inayogoma kutoka hadi utikise chupa. Ninapowasomea wanafunzi habari hiyo huwa kimya kuliko wanaposikia habari za bawa. Watafiti waliokuwa wamewapoteza rafiki zao walikaa mezani miaka mitano wakimalizia kazi ambayo marafiki hao waliianza, na hilo nalo ni sehemu ya historia ya Columbia ambayo gazeti linaweza kuisimulia.

Wapo watakaouliza, na nimeulizwa hata na walimu wenzangu, kwa nini tushughulike na anga ilhali kuna shule ambazo wanafunzi wanabanana watatu kwenye dawati. Swali hilo ni la haki, na jibu langu ni kwamba siombi fedha ya mtu. Chupa ya maji haina gharama, nembo ni mchoro, na matokeo ya majaribio yale yamechapishwa wazi. Tunachokikosa ni mazoea ya kumwambia mtoto atunge swali, alipime na aandike alichokiona hata kama hakikulingana na alichotarajia. Wakulima wa huku wanaielewa taratibu hiyo vizuri kuliko tunavyodhani, kwa sababu wanaofika kwenye mashamba darasa huona mbegu mpya imepandwa kando ya mbegu ya zamani, udongo uleule na mvua ileile, ili tofauti ionekane. Wanasayansi wa Columbia walifanya vivyo hivyo, wakiacha duniani seti ya pili ya viumbe au vifaa vilevile kwa ajili ya kulinganisha. Wazazi wetu pia walichangia ujenzi wa maabara za shule za kata, na katika baadhi yake kazi kubwa inayofanyika ni mazoezi ya mtihani wa vitendo, ambamo jibu linajulikana kabla mwanafunzi hajagusa kifaa.

Ningependa kuona vilabu vya sayansi vya shule zetu vikichora nembo ya kila jaribio vinalolifanya, kwa kanuni ileile ya STS-107: kila mstari uwe na sababu, na mtu akiuliza sababu hiyo mwanafunzi aweze kuieleza. Katika mashindano ya Young Scientists Tanzania, yaliyoanzishwa mwaka 2011, tumeona kwamba vijana wa sekondari wanaweza kufanya utafiti wa kweli wakipata msimamizi. Maonyesho ya Nane Nane katika viwanja vya John Mwakangale yangefaa sana kwa kazi za namna hiyo, kwa kuwa huko wazazi wanafika wenyewe bila kualikwa. Na wale wanaodhani kwamba mambo ya angani ni ya watu wa mbali wakumbuke kimondo cha Mbozi, zaidi ya tani 10 za chuma na nikeli, kinachotembelewa na wanafunzi kila mwaka na ambacho wenyeji walikifahamu kabla hakijaandikwa kwenye kitabu chochote cha kigeni.

Hata lile kundi la Njiwa lililochorwa kwenye nembo tunalo juu ya paa zetu miezi hii. Mawingu ya masika yakipisha saa mbili au saa tatu usiku, tafuta Sirius, nyota angavu kuliko zote, kisha Canopus inayoifuata kwa mwanga, ambayo iko kusini yake. Nyota za Njiwa ziko upande wa magharibi wa mstari unaoziunganisha hizo mbili. Huku kwetu hupita juu sana angani kuliko zinavyoonekana kutoka Florida, ambako Columbia ilipaa, kwa hiyo wanafunzi wa Mbeya na Iringa wana nafasi nzuri ya kuziona kuliko wengi wa walioishona nembo ile.

Ombi langu kwako, Ndugu Mhariri, ni hili. Itakapofika tarehe 1 Februari mwakani, tafadhali tenga nusu ukurasa kwa ajili ya kazi ya safari ya STS-107. Majina ya wanaanga saba yachapishwe kila moja na kazi aliyoifanya mwenye jina hilo, kwa sababu msichana anayesoma kwamba Kalpana Chawla alianza uhandisi wake katika chuo cha Chandigarh kabla ya kwenda Marekani anapata kitu cha kushika kuliko anayesoma tu kwamba alifariki. Niko tayari kuandika bila malipo maelezo ya jaribio la chupa na ya jaribio la moto, kwa Kiswahili kinachoeleweka na mwanafunzi wa darasa la saba. Na mchoro wa nembo uchapishwe ukiwa mkubwa kiasi cha kumwezesha mwanafunzi kuweka kipimapembe chake juu ya gazeti na kuipima mwenyewe ile pembe ya nyuzi 39.

Wako katika kazi,
Mwalimu wa fizikia,
Mbeya.